Kisanduku cha Jinsia: Utangulizi kwa Msomaji wa Kajiado

Mtoto akizaliwa katika kituo cha afya mjini Kitengela, mhudumu wa kituo ndiye anayejaza fomu ya usajili, ile B1. Akizaliwa nyumbani, tuseme kwenye boma moja huko Mashuuru, akapokelewa na mkunga wa kijiji, kazi hiyo ni ya naibu chifu. Jina la mtoto laweza kungoja. Safu ya jinsia haingoji. Anayejaza ataangalia, au ataambiwa, kisha ataandika, na neno hilo moja litamfuata mtoto kwenye cheti cha kuzaliwa, kitambulisho, usajili wa laini ya simu, pasipoti, na mwishowe cheti cha kifo.

Taaluma ninayokukaribisha kwayo, ndugu msomaji, inachunguza neno hilo: nani hulitia, kwa ushahidi gani, nani anaweza kulibadili, na humpata nini mtu ambaye neno lililoandikwa halilingani na mwili wake au na maisha anayoishi. Wengi huiingia taaluma hii kwa mlango wa juu, yaani Katiba, hotuba za wanasiasa na mabishano ya viongozi wa dini. Mimi nakuomba uingie kwa ofisi ya msajili. Kenya haina sheria ya jumla inayoeleza mwanamume ni nani na mwanamke ni nani. Katiba ya 2010, katika Ibara ya 27, inakataza ubaguzi kwa misingi ya jinsia lakini haifafanui jinsia. Sheria ya Usajili wa Vizazi na Vifo, Sura ya 149, yenye chimbuko lake mwaka 1928, inataka jinsia iandikwe na haisemi ijulikane vipi. Pengo hilo limejazwa kwa karibu miaka mia na makarani, wauguzi, machifu na wazazi. Sera ya serikali kuhusu jinsia imekuwa ikitungwa dirishani, fomu kwa fomu, kabla haijafika Bungeni, na asiyelijua dirisha hilo hataielewa.

Nawaandikia watu wa Kajiado kwa makusudi, kwa kuwa kaunti hii inazo sura mbili za tatizo. Kitengela ni mji wa waliohamia. Sensa ya 2019 ilikuta humo watu 154,436, wengi wao wakiwa wamekuja kutafuta ploti, nyumba ya kupanga yenye nafuu kuliko Nairobi, au kibarua katika viwanda vya EPZ pale Athi River. Katika mji wa namna hii mtu hujulikana kwa kitambulisho. Mwenye nyumba anataka nakala yake kabla ya kutoa ufunguo. Wakala wa M-Pesa anaitazama picha, kisha uso. Mlinzi wa lango la kiwanda anaamua nani ampapase nani. Ukishika barabara ya Namanga, ukapita Isinya na Kajiado mjini hadi Ilbissil, kisha ukaingia ndani, kitambulisho kinapungua uzito na vitu vingine vinaongezeka: ukoo, rika, na sherehe mtu alizopitia hadi akaitwa moran au mke wa fulani. Mtu ambaye karatasi zake zinagongana na sura yake hukwama mjini karibu kila siku, mbele ya wasiomjua. Kule ndani hukwama mara chache, ila anapokwama ni mbele ya watu wote waliomwona akikua. Na barabara yenyewe inaishia mpakani Namanga, ambako afisa wa uhamiaji husoma pasipoti zilizotengenezwa kwa kanuni za Shirika la Kimataifa la Usafiri wa Anga. Kanuni hizo zinaruhusu herufi tatu katika nafasi ya jinsia: M, F na X. Kwa hiyo msafiri mwenye X anaweza kusimama ndani ya Kajiado akiwa na hati halali, wakati mwenyeji aliyezaliwa kilomita kumi kutoka hapo huenda hana.

Kabla ya kuendelea, tutenganishe watu ambao hotuba nyingi huwachanganya. Huntha ni mtu aliyezaliwa na maumbile ya kijinsia, iwe ni kromosomu, homoni, tezi za uzazi au viungo vya nje, yasiyoingia moja kwa moja katika kundi la kiume wala la kike. Wakati mwingine hali hiyo huonekana siku ya kuzaliwa, wakati mwingine hujitokeza balehe, na wapo wanaoishi na kufa bila kuijua. Mtu wa transijenda ni yule anayejitambua na kuishi kwa jinsia tofauti na ile aliyoandikishwa, hata kama mwili wake ulipozaliwa haukuwa na utata wowote. Nani anampenda nani ni jambo la tatu kabisa. Mtu mmoja aweza kuguswa na mojawapo ya haya, na yote, au asiguswe na lolote. Sheria ya Kenya imewatendea watu hawa kwa njia zinazotofautiana sana, na tofauti hiyo ndiyo kiini cha taaluma yenyewe.

Rudi nyuma kidogo kwenye historia ya daftari. Sheria ya mkoloni ya 1915 ya kuwasajili wenyeji, iliyoanza kutekelezwa baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, iliwalazimisha wanaume Waafrika wa miaka 16 na zaidi kubeba kipande. Lengo lilikuwa nguvu kazi: nani amefanya kazi shamba gani, nani ametoroka. Mwaka 1947 usajili ukapanuliwa kwa wanaume wa rangi zote. Wanawake hawakuwemo. Waliingizwa mwaka 1978, miaka 15 baada ya uhuru, na mwaka 1980 umri ukapandishwa kuwa 18. Kwa zaidi ya nusu karne, basi, mwenye kitambulisho nchini Kenya alikuwa mwanamume, na mwanamke alijulikana serikalini kupitia baba au mume. Wapo akina mama Kajiado leo waliokuwa tayari na watoto wakubwa siku serikali ilipowapa kitambulisho chao cha kwanza.

Historia hii ndiyo ninayoitanguliza mbele ya kila mwanafunzi anayeniambia kwamba safu ya jinsia ni jambo la maumbile tu na serikali haina la kuamua. Mwili ni wa maumbile, sikatai. Daftari ni la serikali. Serikali ndiyo iliyoamua nani aandikwe, lini, na kwa faida ya nani, na imebadilisha uamuzi huo ndani ya umri wa watu walio hai. Sheria ya Usajili wa Watu, Sura ya 107, bado inadai jina, jinsia, kabila analolitaja mtu mwenyewe, tarehe na mahali pa kuzaliwa, makazi na alama za vidole. Zingatia: kabila ni lile unalolitaja. Kuhusu jinsia, sheria imenyamaza.

Kesi ya kwanza ya kusoma ni ile ijulikanayo kwa herufi R.M., iliyoamuliwa na Mahakama Kuu Desemba 2010. R.M. alikuwa huntha, amehukumiwa kwa wizi wa mabavu na kuwekwa katika gereza la wanaume la Kamiti, ambako alivuliwa nguo na kukaguliwa kwa namna ya kumfedhehesha. Aliiomba mahakama mambo mengi, likiwemo la kutambua kundi la tatu la jinsia. Mahakama ilikataa. Ilisema kwamba sheria inajua mwanamume na mwanamke, na kwamba hapakuwa na takwimu za kuonyesha kuwa huntha ni kundi la watu nchini. Hata hivyo ilikubali kwamba alitendewa kinyama, ikampa fidia ya shilingi 500,000.

Sehemu ya takwimu katika hukumu hiyo naiona kuwa na kasoro kubwa, na pia kuwa na matunda kuliko zote. Fomu iliyo na visanduku viwili haiwezi kuleta hesabu ya watu wa kisanduku cha tatu. Kumwambia mlalamishi kwamba hana idadi, ilhali serikali ndiyo inayohesabu na haijawahi kuuliza, ni kumbebesha mzigo usio wake. Lakini hoja hiyo ya majaji iliwaonyesha watetezi njia: dai lililofuata likawa kuhesabiwa.

Ndipo ikaja kesi ya Mtoto A. Mtoto huyu alizaliwa mwaka 2009, na kwenye karatasi za hospitali, mahali pa jinsia, pakatiwa alama ya kuuliza. Mama yake alifungua kesi mwaka 2013, na tarehe 5 Desemba 2014 Jaji Isaac Lenaola akatoa uamuzi. Hakuunda jinsia ya tatu, wala hakusema kwamba hiyo ni kazi ya jaji. Alimwagiza Mwanasheria Mkuu aieleze mahakama, ndani ya siku 90, ni chombo gani cha serikali kitakachowajibika kuwahesabu huntha na kuweka mwongozo kuhusu usajili na matibabu yao. Kwa maoni yangu hakuna agizo la mahakama katika uwanja huu lililofanya kazi kubwa zaidi, na lilifanya hivyo kwa sababu lilikuwa agizo la kiofisi. Mwaka 2017 Mwanasheria Mkuu Githu Muigai aliteua jopokazi chini ya uenyekiti wa Mbage Ng'ang'a. Agosti 2019 karani wa sensa alipobisha hodi Kitengela, Ngong, Loitokitok na Magadi, fomu yake ilikuwa na nafasi tatu za jinsia kwa mara ya kwanza katika historia ya Kenya.

Matokeo ya nchi nzima yalikuwa huntha 1,524 kati ya watu 47,564,296. Kajiado ilihesabiwa wanaume 557,098, wanawake 560,704 na huntha 38. Thelathini na wanane katika kaunti ya watu zaidi ya milioni moja na laki moja. Tuitafakari takwimu hii kidogo, maana inatumiwa vibaya pande zote. Makadirio yanayotajwa na Umoja wa Mataifa huanzia asilimia 0.05 ya watu hadi asilimia 1.7, kutegemea ni hali zipi za mwili zinazohesabiwa. Hata ukichukua kiwango cha chini kabisa, Kajiado ingekuwa na watu wapatao 560. Kwa nini basi 38? Fikiria jinsi sensa inavyofanywa. Karani anamuuliza mkuu wa kaya, sebuleni au nje ya boma, wengine wakisikiliza. Mkuu wa kaya anajibu kwa niaba ya wote. Ili jibu liwe huntha, inabidi hali hiyo ijulikane, ijulikane na huyo anayejibu, awe na neno la kuitaja, na awe tayari kulitamka mbele ya karani ambaye huenda ni kijana wa kijiji kicho hicho. Idadi ya 38 inatupa, zaidi ya yote, hesabu ya kaya zilizothubutu kusema. Na ni idadi yenye thamani kubwa, kwa kuwa baada yake hakuna jaji anayeweza tena kuandika kwamba takwimu hazipo.

Hapa niruhusu nitoke njiani niende pwani. Alama ya kuuliza haikuwa ngeni kwa wanazuoni wa fiqhi. Katika elimu ya mirathi, mafaqihi wa madhehebu ya Shafi, ambayo ndiyo ya Waislamu wengi wa Uswahilini, walijadili karne nyingi zilizopita mgawo wa huntha ambaye hali yake haijabainika. Walijua kwamba fungu la mwana wa kiume na la wa kike hutofautiana, hivyo swali halikuwa la nadharia. Jibu lao lilikuwa kumpa kila mrithi kile kilicho na yakini, na kukizuia kilichobaki hadi hali ibainike au warithi wapatane. Siutaji mfano huu kudai kwamba fiqhi ilitambua jinsia ya tatu, kwa sababu haikufanya hivyo. Nautaja kwa kuwa wanazuoni hao walikubali kwamba sheria inaweza kukutana na mtu isiyemjua, ikangoja, na bado ikamtendea haki wakati wa kungoja. Hukumu chache za kisasa zimefika hapo.

Turudi kwenye sheria za Bunge, na hapa naomba uzisome tatu zikiwa zimelazwa mezani pamoja. Ya kwanza ni Sheria ya Watu Walionyimwa Uhuru ya 2014, iliyofuata mateso ya R.M. Inamtambua huntha kuwa ni mtu aliyethibitishwa na daktari kuwa na viungo vya uzazi vya kiume na vya kike pamoja, inampa haki ya kuchagua jinsia ya afisa atakayempekua, na inataka alazwe mbali na wafungwa wengine. Ya pili ni Sheria ya Watoto ya 2022. Humo mtoto huntha ni yule ambaye sifa zake za kimwili haziwezi kuwekwa upande mmoja tu kwa sababu ya mpangilio uliochanganyika wa maumbo, homoni, tezi au kromosomu, na unaoweza kuonekana kabla ya kuzaliwa, wakati wa kuzaliwa, utotoni, balehe au ukubwani. Miaka minane tu imepita kati ya fasili hizi mbili, na ya kwanza ingewaacha nje wengi wanaoingia katika ya pili. Mfungwa katika gereza la Kajiado bado anapimwa kwa fasili ya zamani, na mtoto aliyezaliwa leo Kitengela kwa ile mpya. Sheria ya Watoto inazuia pia kubadili au kuondoa kiungo cha mtoto huntha bila ushauri wa daktari wa jenetiki. Kuna hali, kwa mfano ile ya tezi zilizo juu ya figo kushindwa kudhibiti chumvi mwilini, ambazo huweza kumwua mtoto mchanga ndani ya wiki chache asipopata dawa. Hiyo inahitaji matibabu ya haraka. Kumpasua mtoto ili tu afanane na neno lililoandikwa kwenye fomu ni jambo jingine, na sheria sasa inaliona hivyo.

Sheria ya tatu msomaji wa Kajiado anaijua kwa jina, ila huenda hajawahi kuisoma kwa swali hili akilini. Ni Sheria ya Kupiga Marufuku Ukeketaji ya 2011. Kaunti hii ni miongoni mwa zile ambako sheria hiyo imegusa nyumba nyingi, na Mahakama Kuu iliithibitisha Machi 2021 ilipokataa ombi la Dkt. Tatu Kamau la kuibatilisha. Ukifungua kifungu cha 2, utakuta kwamba ukeketaji hauhusishi upasuaji wenye sababu za kweli za tiba, na wala hauhusishi upasuaji wa kubadili jinsia. Kisha Bunge likaueleza upasuaji huo: ni ule wa kubadili, kwa sehemu au wote, mwonekano wa viungo vya mtu ili vifanane kadiri iwezekanavyo na vya jinsia nyingine. Maneno hayo yanakaribiana mno na ya sheria ya New Zealand, na sitashangaa ikiwa wabunge wengi waliyapitisha bila kuyatazama mara mbili. Hata hivyo ni sheria ya Kenya. Bunge limekiri kwamba upasuaji huo upo na si kosa chini ya sheria hiyo, na halijasema hata neno moja kuhusu vipi aliyeufanyiwa ataandikwa daftarini anapotoka hospitali.

Ndani ya ukimya huo ndimo walimo watu wa transijenda, na kwa kukosa sheria wamelazimika kwenda mahakamani kudai kitu kimoja kimoja. Mwaka 2013, katika kesi ya A.N.N., Jaji Mumbi Ngugi aliagiza fidia ya shilingi 200,000 kwa mtu aliyekamatwa Thika na kuvuliwa nguo na polisi. Julai 2014 Jaji George Odunga aliiagiza bodi ya mashirika yasiyo ya serikali ilisajili shirika la Transgender Education and Advocacy. Oktoba mwaka huo huo Jaji Weldon Korir akaamua kesi ya Audrey Mbugua dhidi ya Baraza la Mitihani la Kitaifa. Mbugua alikuwa amefaulu KCSE vizuri, lakini cheti kilikuwa na jina la kiume na alama ya jinsia ya kiume, na akiwa mbele ya mwajiri cheti hicho kilimfanya aonekane tapeli. Jaji alichunguza kanuni za Baraza na kuona kwamba alama ya jinsia si sharti la lazima la cheti. Akaagiza kitolewe kipya, chenye jina jipya na kisicho na alama ya jinsia. Napenda wanafunzi waitazame njia ya jaji huyu kwa makini. Hakuitangaza jinsia ya Mbugua. Aliuliza cheti cha mtihani kinathibitisha nini, na jibu ni kwamba kinathibitisha alama alizopata mtahiniwa. Swali la aina hiyo linafaa kuulizwa kwa kila karatasi: je, karatasi hii inahitaji kujua jinsia ya mwenyewe ili ifanye kazi yake?

Lakini cheti cha shule si cheti cha kuzaliwa. Kubadili jina kunawezekana kwa hati ya kisheria na tangazo katika Gazeti Rasmi la Serikali. Kubadili jinsia kwenye daftari la kuzaliwa hakuna utaratibu ulioandikwa kwa mtu wa transijenda. Sheria inaruhusu makosa yasahihishwe, na hapo mvutano huanza: je, neno lililoandikwa kwa nia njema siku ya kuzaliwa, likathibitika miaka ishirini baadaye kuwa halimweki mtu huyo mahali pake, ni kosa? Uganda ililijibu swali hili kwa ufinyu. Sheria yake ya Usajili wa Watu ya 2015, kifungu cha 38, inaruhusu mabadiliko kwa mtoto aliyezaliwa huntha na kufanyiwa upasuaji, daktari akithibitisha na wazazi wakiomba. Huntha asiyepasuliwa hayumo, na mtu wa transijenda hayumo kabisa.

Nadhani msomaji ameanza kuona mwelekeo. Afrika Mashariki inaelekea kumkubali huntha kwa kuwa mwili wake unamtolea ushahidi mbele ya daktari, na inasita kwa mtu wa transijenda kwa kuwa shahidi wake mkuu ni yeye mwenyewe. Naielewa sababu ya kusita huko, na naiona haitoshi. Kwa huntha serikali ilikubali kwamba fomu ndiyo ilikuwa na upungufu. Kwa mtu wa transijenda inasema bado kwamba mwenye upungufu ni mtu. Agosti 2025 Mahakama Kuu ya Eldoret ilisogea hatua moja: Jaji Reuben Nyakundi alimpa fidia ya shilingi milioni moja mwanamke wa transijenda aliyefedheheshwa akiwa kizuizini, akaiagiza serikali ipeleke Bungeni sheria ya kuwalinda watu hao, au ipanue Mswada wa Huntha wa 2024 uwahusu nao. Na Februari 2023 Mahakama ya Juu, kwa majaji watatu dhidi ya wawili, ilikuwa imesema katika kesi ya Eric Gitari kwamba neno jinsia katika Ibara ya 27 linahusisha pia mwelekeo wa kimapenzi. Uamuzi huo ulihusu haki ya kusajili shirika, si vitambulisho, lakini ulithibitisha kwamba neno hilo katika Katiba halijafungwa.

Utaulizwa kuhusu Uingereza na Marekani, kwa hiyo nijibu kwa ufupi. Aprili 2025 Mahakama ya Juu ya Uingereza iliamua kwamba neno mwanamke katika Sheria ya Usawa ya 2010 linamaanisha jinsia ya kibayolojia. Januari mwaka huo rais wa Marekani alikuwa ametoa amri kwamba serikali ya shirikisho itatambua jinsia mbili tu, na pasipoti mpya za X zikasimamishwa. Wakenya wengi hunukuu haya kana kwamba kesi ni moja. Si moja. Majaji wa London walikuwa wakipatanisha sheria ya usawa na sheria ya 2004 inayompa mtu wa transijenda cheti cha kutambuliwa. Sisi hatuna sheria ya 2004 ya kupatanisha na chochote.

Zipo hofu ambazo mwanafunzi mwaminifu hatazipuuza. Mwanamke aliyefungwa ana haki ya kulala salama. Michezo ina ugumu wake: Margaret Nyairera Wambui, Mkenya aliyepata shaba ya mita 800 huko Rio mwaka 2016, alizuiwa na kanuni za testosteroni zilizofuata, na tangu Septemba 2025 shirika la riadha la dunia linadai kipimo cha jeni kwa wanawake wote wa mashindano yake makuu. Ibara ya 45 ya Katiba inaizungumzia ndoa ya watu wa jinsia tofauti, na viongozi wa makanisa na misikiti wana haki ya kuuliza cheti kipya kitafanya nini mbele ya mfungisha ndoa. Kila moja ya hofu hizi yahitaji jibu lake, mahali pake. Haziwezi kuwa sababu ya kumnyima kijana wa Kitengela cheti kitakachomwezesha kuajiriwa kiwandani, mahali ambapo hakuna mbio, gereza wala harusi.

Ukitaka kuifanya kazi hii Kajiado, anza na makaratasi kabla ya watu. Usimwombe mtu yeyote akueleze mwili wake. Wamekwisha kuvuliwa vya kutosha, na kesi tatu kati ya hizi nilizokutajia zilizaliwa humo. Kaa na manaibu chifu, wakunga na wauguzi, uulize mambo yaliyo wazi: nani alijaza fomu, aliambiwa nini na nani, alifanya nini alipokuwa hana uhakika, na je, waraka wowote kuhusu mtoto huntha umewahi kufika mezani kwake tangu Sheria ya Watoto ianze kutumika mwaka 2022? Linganisha kituo cha Kitengela na kijiji cha Mashuuru. Uliza pia kuhusu watoto waliochelewa kusajiliwa kupita miezi sita, kwa maana mzazi aliyeshindwa kuijaza safu ile huenda aliamua kutoijaza fomu nzima, na mtoto wake akafika darasa la kwanza bila cheti. Mpaka sasa sheria imesomwa kutoka mahakamani kwenda chini. Kutoka kwa naibu chifu kwenda juu bado haijasomwa, na wenye uwezo wa kuisoma hivyo, kwa lugha za hapa na kwa kuaminiwa na wenyeji, ni ninyi.